Kyoto kwa asubuhi moja: kuuonja utamaduni wa Wajapani kwa miguu, ukiwa na mwenyeji

Nilipokuwa nasoma Osaka, mji jirani na Kyoto, kila mgeni aliyenifikia kutoka nyumbani alikuja na orodha. Hekalu la dhahabu, msitu wa mianzi, malango mekundu, geisha, sushi, na vyote viwe vya siku moja maana kesho yake ana ndege. Wa kwanza nilimkubalia. Tulikimbizana na mabasi ya Kyoto toka alfajiri hadi usiku, na jioni nilipomuuliza amependa nini akanijibu: mabasi yao masafi sana. Hakuwa anatania. Ndicho alichokiona kwa muda mrefu zaidi.

Kyoto ilikuwa makao ya wafalme wa Japani toka mwaka 794 hadi mfalme alipohamia Tokyo mwaka 1869. Mahekalu ya Kibudha tu yamepita 1,600, kwa hiyo huyamalizi, hata mwenyeji hajayamaliza. Ukiwa na muda mfupi, chagua mtaa mmoja na uutembee ukiwa na mtu anayeujua. Mtaa wangu ni Higashiyama, upande wa mashariki chini ya vilima. Unaanzia juu, hekalu la Kiyomizu-dera, unashuka kwenye vijia vya mawe, unaingia chumba cha chai, unapita jinja ya Yasaka, yaani mahali pa ibada ya Kishinto, na Gion, mtaa wa geisha, unamalizia hekalu la Kennin-ji. Hazizidi kilomita tatu au nne. Kwa mwendo wa kuangalia mambo, ni muda wa saa tano.

Chagua siku, kisha chagua saa

Kuhusu viza sina maneno mengi: mwenye pasipoti ya Tanzania au Kenya anaomba kabla ya safari, kwa ubalozi wa Japani ulioko Dar es Salaam au Nairobi. Anza mapema.

Msimu ndio wenye maneno. Mwisho wa Machi na mwanzo wa Aprili maua ya mcheri yanachanua, na katikati hadi mwisho wa Novemba majani ya miti yanakuwa mekundu kama makaa. Kunapendeza kweli, lakini vijia vya Higashiyama vinajaa kama Kariakoo mkesha wa Idi. Siku za mapumziko za Wajapani wenyewe, kuanzia 29 Aprili hadi 5 Mei, zikwepe kabisa. Julai na Agosti mtu wa Dar atasema joto amelizoea. Asubiri. Kyoto iko bondeni, imezingirwa na milima pande tatu, na upepo wa bahari haufiki. Mimi ningekuja mwanzoni mwa Desemba au Februari, nikavaa koti zito, nikapata njia tupu.

Saa ni jambo kubwa kuliko msimu. Kiyomizu-dera hufunguliwa saa kumi na mbili asubuhi, na makundi ya watalii huanza kufika kuanzia saa tatu. Mwambie anayekuongoza mkutane saa moja kamili. Atashangaa kidogo, kisha atafurahi. Na kuna raha moja ambayo ni yetu sisi tu: Japani iko mbele ya Afrika Mashariki kwa saa sita, kwa hiyo ukiiacha saa yako ya mkononi bila kuirekebisha, mishale inakusomea saa za Kiswahili za huko huko Japani. Kwao saa saba kwa hesabu ya Kizungu, kwako mshale uko kwenye moja, na ni saa moja asubuhi kweli.

Kumpata mwongozaji

Wako wa aina tatu. Kuna wa makundi, ambao kila mtu hulipa yeni elfu chache. Kuna wa kukodi peke yako au na familia, ambaye kwa nusu siku anaweza kufika makumi ya elfu ya yeni. Halafu kuna wa kujitolea, wengi wao wanafunzi na wastaafu wanaotaka kuzoeza Kiingereza chao. Hawa hawachukui ujira. Unawalipia nauli, viingilio na chakula mkila pamoja, na inabidi uwaandikie wiki kadhaa kabla. Toka mwaka 2018 sheria ya Japani inamruhusu yeyote kuongoza watalii kwa malipo, hata asiye na leseni ya taifa. Leseni inapatikana kwa mtihani mgumu wa historia na lugha, basi kuuliza kama mtu anayo si utovu wa adabu.

Kabla hujalipa, muulize mtakuwa watu wangapi. Wakizidi wanane, utakuwa unasikiliza spika badala ya mtu. Muulize pia kama chai imo ndani ya bei, na kama ni chai ya kukaa saa nzima ukafundishwa, au ni kikombe cha kupitisha. Na umweleze mapema usichokula, magoti yako yakoje, kama una mtoto au mzee. Mjapani akijua mapema atakupangia kila kitu vizuri, lakini ukimshtukiza hapo hapo utamtesa, maana hatapenda kukukatalia na njia ya kukutimizia hana.

Ukipanga saa moja, ufike saa moja kasoro dakika tano.

Unachobeba na usichobeba

Viatu viwe vya kuvua na kuvaa bila kuinama kwenye kamba, maana utavivua mara tatu au nne. Soksi zisiwe na tundu. Nasema hivi nikiwa na ushahidi: siku yangu ya kwanza kwenye chumba cha chai kidole gumba kilichungulia mbele ya bibi wa miaka kama themanini, naye kwa heshima zake akatazama dari muda wote. Kuvua viatu mlangoni sisi hatufundishwi, tumekulia humo. Kigeni kidogo ni kuvigeuza, pua zikaelekea nje, ili wakati wa kutoka uvitumbukie tu.

Beba sarafu, hasa za yeni 100 na za yeni 5. Beba leso, kwani vyoo vingi havina cha kufutia mikono. Beba mfuko wa plastiki wa taka zako, maana mapipa ya taka barabarani ni nadra na kila mtu hurudi na uchafu wake nyumbani. Manukato makali na udi acha hotelini siku hiyo. Chumba cha chai ni kidogo, na harufu ya chai yenyewe ni sehemu ya ugeni. Pete kubwa na bangili pia utaombwa uvue, zisije zikakwaruza bakuli ambalo huenda lina umri kuliko babu yako.

Kiyomizu-dera: anzia juu

Kutoka stesheni ya Kyoto unachukua basi namba 206 hadi kituo cha Gojozaka, nauli yeni 230, unalipa unaposhuka. Kisha unapanda mlima kwa dakika kumi hadi kumi na tano. Mkiwa watatu au wanne, teksi inakaribiana bei na inawaokoa miguu.

Hekalu lilianzishwa mwaka 778. Ukumbi mkuu unaouona ulijengwa upya mwaka 1633, na mbele yake kuna jukwaa la mbao lililotokeza hewani, mita 13 juu ya ardhi, juu ya nguzo za mti wa keyaki zilizopachikana bila msumari. Usiridhike na kusimama juu yake kupiga picha. Mwombe mwenyeji akushushe chini, utazame zile nguzo kwa chini, uone boriti zinavyopenya kwenye matundu ya nguzo na kukazwa kwa kabari. Fundi seremala wa kwetu akisimama pale hataondoka upesi.

Wajapani husema mtu “ameruka kutoka jukwaa la Kiyomizu” akifanya uamuzi mzito usio na kurudi nyuma. Si maneno matupu. Zamani watu waliruka kweli, wakiamini atakayepona atajaliwa ombi lake. Kumbukumbu za hekalu za enzi ya Edo (1603 hadi 1868) zina visa 234, na wengi wao walipona, kwa sababu chini palikuwa na miti na udongo laini. Serikali ilipiga marufuku mwaka 1872.

Chini ya jukwaa maji ya Otowa yanamwagika kwa mifereji mitatu. Jina Kiyomizu lenyewe maana yake ni maji safi. Unachukua kata ya mpini mrefu kutoka kabati la taa inayoua vijidudu, unakinga mfereji mmoja, unakunywa. Husemwa kila mfereji una baraka yake: maisha marefu, mafanikio ya masomo, mapenzi. Anayekunywa yote mitatu huitwa mroho. Chagua mmoja.

Kuteremka kwenye mawe

Kutoka hekaluni unashuka Sannenzaka, halafu Ninenzaka, vijia vya mawe vyenye nyumba za mbao za ghorofa moja na mbili pande zote. Ukijikwaa Sannenzaka, wanasema wahenga wao, utakufa ndani ya miaka mitatu. Ndiyo maana kuna duka pale linauza vibuyu vidogo vya kukinga nuksi hiyo. Biashara inajua kukaa mahali pake.

Saa mbili na nusu asubuhi maduka mengi bado yamefungwa, na hilo ni jema. Utaona wenye maduka wakimwagia maji mbele ya milango yao kutuliza vumbi. Tazama kushoto ufikapo kona ya Yasaka, mnara wa orofa tano unachomoza juu ya mapaa. Ni wa mwaka 1440, una urefu wa mita 46. Mbele kidogo ni hekalu la Kodai-ji, alilolianzisha mwaka 1606 mjane wa mtawala Toyotomi Hideyoshi. Jina lake mama huyo ni Nene, na barabara hiyo inaitwa Njia ya Nene. Cheka, halafu ulikumbuke jina la mumewe, tutalihitaji kwenye chai.

Kuhusu kukodi kimono: yeni elfu tatu hadi tano, wanakuvika kwa nusu saa au zaidi, unarudisha jioni. Wenyeji hawaoni vibaya. Kwa asubuhi fupi mimi siipendi, inakula muda na viatu vyake vinakupunguza mwendo. Lakini ukivaa, shika hili moja: upande wa kushoto unakaa juu ya wa kulia. Kulia juu ya kushoto ndivyo wanavyovikwa maiti.

Chai: hapa ndipo pa kukaa

Ukilazimika kukata kitu kwenye safari hii, kata chochote ila chai. Vyumba vya kufundishia wageni viko vingi Higashiyama, kwa takriban yeni 3,000 na dakika 45 hadi saa moja. Weka nafasi ya saa tatu na nusu au saa nne.

Chai yenyewe ni matcha, majani yaliyosagwa yakawa unga wa kijani. Nzuri kuliko zote, kwa sifa, hutoka mji unaoitwa Uji, karibu nusu saa kwa treni kusini mwa Kyoto. Ndiyo, Uji, na kinywaji chenyewe ni kizito kidogo. Mswahili anayeambiwa “hii ni chai ya Uji” inabidi ajizuie.

Utaratibu wake ulisukwa na Sen no Rikyu, aliyezaliwa mwaka 1522. Yeye ndiye aliyekipunguza chumba cha chai hadi mikeka michache na kuthamini bakuli la udongo lisilo sawasawa kuliko la dhahabu. Bwana wake alikuwa Hideyoshi yule yule, aliyewahi kujitengenezea chumba cha chai cha dhahabu tupu. Mwaka 1591 Hideyoshi alimwamuru Rikyu ajiue, naye akatii. Mwombe mwenyeji wako akusimulie, kila mmoja ana maelezo yake kuhusu sababu.

Vyumba vya mtindo wake vina mlango mdogo wa mraba, chini ya sentimita 70, unaingia kwa kutambaa. Shujaa mwenye upanga aliuacha nje, na mkubwa na mdogo wote waliinamisha kichwa. Ukiingia usikanyage ukingo wa kitambaa unaozunguka mkeka wa tatami. Piga magoti ukalie visigino. Dakika kumi zikipita miguu inakufa ganzi, na hakuna aibu kuikunja pembeni au kuomba kigoda. Mimi nilijikaza kiume hadi mwisho, nikasimama, nikaanguka juu ya mwenzangu.

Kwanza huja kitu kitamu kidogo cha maharage, kimefinyangwa mfano wa ua au jani la msimu. Ukile chote kabla chai haijafika. Si kama sisi na kitumbua, huku unang'ata huku unapuliza kikombe. Utamu ule unatangulizwa ili uchungu wa chai uupokee.

Mwenyeji wa chai anafuta kijiko ambacho tayari ni kisafi, mbele yako, polepole. Anatia unga vijiko viwili vidogo vya mwanzi, anamimina maji ya moto yasiyochemka, kisha anapiga kwa kibrashi cha mwanzi kilichochanwa nyuzi nyembamba, mbele na nyuma, hadi povu linatanda. Anakuwekea bakuli upande wake mzuri ukikutazama wewe. Unainama. Unaliinua, unalikalisha juu ya kiganja cha kushoto, mkono wa kulia unalishika ubavuni. Unalizungusha mara mbili kwa mwelekeo wa saa, ili usinywe pale penye uzuri wake. Unakunywa kwa mafunda matatu hivi, na la mwisho unalivuta kwa sauti, ajue umemaliza. Unafuta kwa vidole pale ulipoweka midomo. Unalirudisha kwa kulizungusha kinyume, kisha unainama kulitazama bakuli, rangi yake, alama ya kidole cha mfinyanzi.

Kwa wageni wengi hii ndiyo saa pekee ya safari ambayo simu haikutoka mfukoni.

Jinja ya Yasaka: maji na sarafu

Jinja ni mahali pa ibada ya Kishinto, tofauti na hekalu la Kibudha. Utaitambua kwa lango la nguzo mbili lisilo na mlango. Kupita ni bure, saa zote. Unainama kidogo langoni na kupita pembeni, kwa kuwa katikati ni njia ya mungu wao. Kwenye birika la maji unachota kata moja ikutoshe yote: unaosha mkono wa kushoto, kisha wa kulia, unakinga maji kiganjani kushoto kusukutua, halafu unaisimamisha kata ili maji yaliyobaki yateremke na kuosha mpini. Anayetawadha mara tano kwa siku hahitaji kuambiwa mara mbili.

Wanaosali hutupa sarafu, ya yeni 5 hupendwa kwa kuwa jina lake, goen, lina sauti moja na neno la mafungamano mema, kisha huinama mara mbili, hupiga makofi mawili, huinama mara moja. Kwenye hekalu la Kibudha hakuna makofi. Kama dini yako haikuruhusu, simama pembeni kimya utazame. Hakuna atakayekusukuma wala kukuuliza, na mwongozaji mzuri hatakuhimiza.

Ukiwa huko Julai, jinja hii ndiyo yenye tamasha la Gion, lililoanzia mwaka 869 kama dua ya kuondoa maradhi ya mlipuko. Magari makubwa ya mbao huburutwa mitaani tarehe 17 na 24.

Gion, kwa adabu

Vuka barabara kuu uingie Hanamikoji. Hapa huishi na kufanya kazi geiko, ndivyo Kyoto wanavyowaita geisha, na maiko, wanafunzi wao. Si wanawake wa biashara nyingine unayoifikiria. Ni wasanii wa ngoma, nyimbo na shamisen, ala ya nyuzi tatu, na mwanafunzi husomea miaka kama mitano. Maiko huvaa mkanda mrefu unaoning'inia mgongoni na nywele ni zake mwenyewe, geiko huvaa wigi. Asubuhi huwaoni sana. Ukimwona aliyejipaka poda nyeupe anatembea pole na kusimama apigwe picha, huyo karibu hakika ni mtalii mwenzako aliyekodi. Wa kweli hutembea haraka, anawahi kazi.

Usimfuate, usimshike, usimzibie njia. Wageni walizidisha, wakazi wakachoka, na toka mwaka 2024 vichochoro vya watu binafsi vimefungwa kwa watalii, na kibao kinakutajia faini ya yeni 10,000. Hanamikoji yenyewe ni ya wote, bakia humo.

Mwisho wake kusini ni Kennin-ji, hekalu la Zen, tawi la Ubudha, lililoanzishwa mwaka 1202 na mtawa Eisai, yule aliyerudi kutoka China mwaka 1191 na mbegu za chai. Vua viatu, kaa kwenye baraza ya mbao inayotazama bustani ya changarawe na mawe, nyoosha miguu. Dari ya ukumbi mkubwa ina majoka mawili yaliyochorwa mwaka 2002 kwa sherehe ya miaka 800.

Chakula, na kuagana

Kwa asiyekula nguruwe wala kunywa pombe, hatari haiko kwenye nyama tu. Supu ya tambi mara nyingi ni ya mifupa ya nguruwe, na michuzi mingi ina mirin, aina ya pombe ya mchele ya kupikia. Mwombe mwongozaji aulize kwa Kijapani kabla hamjaketi. Migahawa ya halali ipo Kyoto, na msikiti mdogo upo karibu na Kasri la Kifalme. Soko la Nishiki liko mwendo wa robo saa kuvuka mto Kamo. Ukinunua mshikaki wa pweza, ule hapo hapo dukani, kula huku unatembea hawapendi.

Bakshishi usitoe. Ukimwachia hela mezani, mhudumu atakukimbilia barabarani akidhani umesahau. Kwa mwongozaji, hasa wa kujitolea, zawadi ndogo kutoka nyumbani inafaa. Mimi huwaambia wageni wangu waje na pakiti ya kahawa ya Tanzania. Mpe kwa mikono miwili, na usisubiri aifungue mbele yako, kwao si desturi. Lakini akiona picha ya mlima kwenye pakiti, atalisoma jina kwa sauti, “Kirimanjaro!”, maana kahawa hiyo ameikuta kwenye orodha za mikahawa ya kwao tangu utoto, na huenda hakuwahi kukutana na mtu wa huko inakotoka.